Wakili Hajiuzii

Tulipokuwa vijana wadogo, tukikaa barazani mwa msikiti baina ya magharibi na isha kumsikiliza mwalimu akitusomea mlango wa uwakala katika fikihi ya Kishafii, palikuwa na kauli moja fupi aliyoipitia upesi bila ya kuitilia mkazo, nayo ni kwamba mtu aliyepewa mali aiuze kwa niaba ya mwenyewe hawezi kujiuzia nafsi yake, wala kumwuzia mtoto wake aliye mdogo, hata akitoa bei ya soko kamili. Mwenzetu mmoja, ambaye baba yake alikuwa na duka na kwa hiyo akijiona mjuzi wa biashara kuliko sote, akauliza: iwapo mnunuzi huyo atazidisha juu ya bei ya soko, akamtia mwenye mali faida asiyoitazamia, dhara iko wapi? Mwalimu hakukasirika. Alifunika kitabu juu ya kidole chake asipoteze ukurasa, akasema, "Namsikia anayesema nauza, na namsikia anayesema nimenunua, mbona sauti ni moja?" Kisha akakifunua tena, akaendelea na mlango wa ikirari unaofuata.

Jawabu hilo sikulielewa siku ile, na kwa kweli halikunishughulisha, maana sikuwa na mali ya kuuza wala ya kununua. Lilinirudia baada ya miaka mingi, tena mahali nisipopadhania, niliposoma habari za mtu mmoja wa Hollywood, Charles K. Feldman, aliyeanza kazi kwa kuwawakilisha waigizaji na waongozaji wa sinema, akaimaliza kwa kuzitengeneza sinema mwenyewe, na kwa muda mrefu baina ya mwanzo huo na mwisho huo alikuwa yote mawili kwa wakati mmoja. Niliposoma maisha yake niliisikia sauti ya mwalimu wangu, na tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza kama wale mafakihi wa kale, ambao hawakuona sinema wala hawakuiota, hawakuyajua mambo ya Hollywood kuliko wenyeji wake.

Kiswahili kimelifanyia neno hili mchezo wa ajabu. Katika Kiarabu, wakala ni ile kazi na wakili ni yule mtu. Sisi tulimchukua wakili tukamvika joho na kumpeleka mahakamani, kisha ile kazi tukaigeuza mtu, tukamwita wakala, tukampa bima, meli na tiketi za kuuza. Feldman, kwa bahati, alistahili majina yote mawili, kwa kuwa alisomea sheria na kuifanyia kazi huko Los Angeles kabla ya kuingia katika uwakala mwanzoni mwa miaka ya 1930, na ofisi yake ikaja kujulikana kwa jina la Famous Artists. Na juu ya majina hayo yote liko Al-Wakil, katika majina mazuri ya Mwenyezi Mungu, Yeye ambaye waja humtegemezea mambo yao wakalala usingizi. Jambo ambalo lapasa kumtia hofu kila mwanadamu ambaye mwenziwe amemkabidhi kazi yenye jina la asili hiyo.

Alizaliwa New York, akafiwa na wazazi wake angali mtoto, akalelewa na jamaa wa New Jersey waliomfanya mwana wao na kumpa jina lao. Uyatima huo nautaja kwa makusudi, maana utatufaa mbele. Waliomjua wamemsifu kwa utanashati na kwa ulimi laini, na katika biashara ile ulimi laini ni rasilimali kuliko fedha benki.

Msomaji asiyeijua Hollywood ya siku zile hana budi kuambiwa hali ilivyokuwa. Studio kubwa zilikuwa zikiwafunga waigizaji kwa mikataba ya hadi miaka 7, zikiwalipa mshahara wa kila wiki, zikiwachagulia hadithi watakazocheza, na zikitaka, zikiwaazimisha kwa studio nyingine kama vile mtu amwazimavyo jirani punda wake, na kodi ya punda ikaenda kwa mwenye zizi. Baina ya mwigizaji na studio alisimama wakala, ambaye ujira wake ulikuwa sehemu ya kumi ya pato la mteja: fungu la kumi, kama lile ambalo Wakristo hulitoa kanisani, ila hili likienda kwa binadamu. Mawakala wengi waliridhika kuchukua fungu hilo na kumpelekea mteja maua siku ya kuzaliwa. Feldman hakuridhika. Wateja wake wakubwa, akina Irene Dunne na Claudette Colbert na Charles Boyer, aliwatafutia mikataba ya sinema moja moja au chache, wasiwe milki ya studio yoyote. Na pale wengine walipouza mtu mmoja mmoja, yeye alikuwa mmoja wa wa kwanza kufunga furushi zima, akiichukua hadithi aliyoinunua, mwandishi wa kuiandika, mwongozaji wa kuiongoza na waigizaji wa kuicheza, wote au aghalabu yao wakiwa wateja wake, akalipeleka furushi hilo studio na kusema: hili hapa, limekwisha fungwa, toeni fedha. Hata sinema ile ambayo Waafrika wa Mashariki wengi waliiona kwa sababu ilipigwa kwetu, karibu na Arusha, na kupewa jina la Kiswahili, Hatari!, iliongozwa na Howard Hawks na kuchezwa na John Wayne, ambao wote wawili kwa miaka mingi walikuwa katika wateja wa Feldman.

Hadi hapo sioni ila sifa. Mtu aliyewatoa wenziwe katika zizi na kuwapandishia thamani amefanya kazi ya wakili kama itakiwavyo. Walakini mwenye kufunga furushi huja siku akajiuliza kwa nini alibebe mlangoni kwa mwingine, ilhali yeye mwenyewe aweza kulifungua. Tangu mwanzo wa miaka ya 1940 Feldman alianza kuwa na mkono katika utengenezaji. Jina lake limo katika Red River ya mwaka 1948, sinema ya Hawks na Wayne hao hao. Mwaka 1950 akaitengeneza The Glass Menagerie, na mwaka 1951 A Streetcar Named Desire, zote mbili kutokana na tamthilia za Tennessee Williams, na hiyo ya pili ikapata tuzo 4 za Oscar, 3 kati yake zikiwa za waigizaji. Alikuwa na jicho la kujua kitu kizuri, hilo hakuna wa kumnyima. Lakini ofisi ya uwakala aliendelea kuishika.

Hapo ndipo lilipo suali, na suali hili si la uchumi wala la kanuni za chama cha waigizaji tu. Ni suali la iwapo moyo mmoja waweza kuwa mwaminifu kwa watu wawili ambao maslahi yao yanapingana, mmoja kati yao akiwa ni mwenye moyo huo.

Katika hadithi zilizopokewa na Bukhari mna habari ya sahaba Urwa al-Bariqi, aliyepewa na Mtume dinari moja amnunulie kondoo. Urwa akaenda sokoni, akanunua kondoo wawili kwa dinari hiyo moja, kisha akamwuza mmoja kwa dinari, akarudi na kondoo na dinari mikononi. Mtume akamwombea baraka katika biashara yake, na inasemwa kwamba baada ya hapo, hata angelinunua mchanga, angelipata faida. Mafakihi wamezozana sana juu ya habari hii, kwa kuwa Urwa aliuza pasipo kuagizwa kuuza. Mimi nalitazama jambo jingine, dogo zaidi. Faida yote aliirudisha. Akili ya kununua wawili kwa bei ya mmoja ilikuwa yake, miguu iliyozunguka soko ilikuwa yake, hatari ya kutukanwa kwa kuvuka agizo ilikuwa yake. Na hata hivyo haikumpitikia kwamba yule kondoo wa pili ni wake, kwa sababu dinari haikuwa yake. Mtu wa Hollywood angelimwambia: ndugu yangu, wewe ndiye uliyelifunga furushi.

Sasa na tuitazame sinema ya The Seven Year Itch, ambayo ndani yake jambo hili limejikusanya lote. Ilitokana na tamthilia ya George Axelrod iliyokuwa ikivuma New York. Billy Wilder aliiongoza, na Wilder na Feldman ndio walioitengeneza kwa ajili ya studio ya Fox. Na mwigizaji mkuu wa kike alikuwa Marilyn Monroe, ambaye wakati sinema inapigwa, mwaka 1954, wakala wake alikuwa ni huyo huyo Feldman. Monroe alikuwa amefungwa na Fox kwa mkataba wa zamani, akilipwa mshahara wa mkataba huo, mshahara usiolingana hata kidogo na umaarufu wake. Sinema ikaja kuwa miongoni mwa zilizoingiza fedha nyingi mwaka 1955. Feldman alifanya karamu kubwa ya kumheshimu Monroe kazi ilipomalizika, na wakubwa wa Hollywood wote walihudhuria. Kabla mwaka mpya haujashika kasi, Monroe alikuwa ameihama Hollywood na kumwacha Feldman, yuko New York, ameunda kampuni yake pamoja na mpiga picha Milton Greene, na amegoma kuifanyia Fox kazi. Mwisho wa mwaka 1955 studio ilisalimu amri: ikampa mkataba wa dola 100,000 kwa kila sinema na haki ya kumkubali au kumkataa mwongozaji.

Sisemi kwamba Feldman alimdhulumu. Ushahidi wa hilo sinao, na kumtuhumu maiti kwa dhana ni dhambi. Ninachosema ni kwamba katika chumba kile alipokuwamo mwenye kuitengeneza sinema, ambaye ghaya yake ni gharama iwe ndogo, na akawamo mwakilishi wa mwigizaji, ambaye ghaya yake ni malipo yawe makubwa, palikuwa na kiti kimoja tu kilichokaliwa. Nani angeligonga meza na kusema, "La, kwa bei hii mteja wangu hatoki nyumbani"? Neno hilo lilipokuja kusemwa, alilisema Monroe mwenyewe kutoka New York, na likamletea ambayo hakuletewa na ulimi laini wa mtu yeyote. (Kisha, kwa kejeli ya dunia, wawakilishi wake wapya wakawa ni kampuni ya MCA, ambayo habari yake inakuja.)

Watetezi wa Feldman wana hoja, na si hoja nyonge. Mwaka 1945 kijana Lauren Bacall, mteja wake, aliyetokea kwa kishindo katika sinema yake ya kwanza, alikuwa amecheza sinema nyingine iliyoitwa, subhana Llah, Confidential Agent, yaani wakala wa siri, na wahakiki wakamchana bila huruma. Sinema yake iliyokuwa ikingoja, The Big Sleep, ilikuwa imekwisha pigwa na hata kuonyeshwa kwa askari waliokuwa ng'ambo. Mwezi wa Novemba Feldman aliketi akamwandikia barua Jack Warner, mkuu wa studio, akamwambia kwamba binti huyu akitoka tena kwa sura dhaifu atakuwa amekwisha, na kwamba yafaa zipigwe upya sehemu zake, apewe ule ujeuri wa ulimi ambao watu waliupenda mwanzo. Warner akakubali, sehemu mpya zikapigwa Januari 1946, na sinema ilipotoka Agosti, ndivyo Bacall alivyojulikana duniani hadi alipokufa. Barua ile naiona kuwa ni kilele cha uwakili. Mteja hakuiomba, fungu la kumi lilikwisha lipwa, gharama ilimwangukia mwenye studio. Feldman aliona hatari kabla ya mwenye kuhatarika hajaiona, akasema.

Watetezi huendelea: mtu wa namna hii, mwenye huruma na mwenye jicho, kuna ubaya gani akikaa viti vyote viwili? Si ndiyo bora mteja akitengenezewa sinema na mtu ampendaye kuliko na mgeni asiyemjali?

Hapa wanachuoni wetu wana jambo la kustaajabisha. Wao wenyewe waliiweka hoja hii ya mapenzi, wakaipa nafasi, lakini nafasi hiyo wakaifanya nyembamba kama tundu la sindano. Wamesema kwamba yuko mtu mmoja anayeweza kuuza na kununua kwa ulimi mmoja, kuchukua katika mali ya mwenziwe na kujitilia yeye, ijabu na kabuli zikatoka katika kinywa kimoja. Naye ni baba katika mali ya mwanawe mdogo, na babu mzaa baba akikosekana baba, kwa sababu huruma yao imezidi mipaka ya tuhuma. Baada ya hao, hakuna. Wasii wa yatima hana ruhusa hiyo. Kadhi hana. Rafiki wa kufa na kuzikana hana. Na katika madhehebu ya Shafii kauli yenye nguvu ni kwamba hata mwenye mali akimruhusu wakili waziwazi, "jiuzie ukitaka," akidi haisihi. Ingawa Wahanbali wameruhusu patakapokuwa na idhini, na yapo maneno marefu ya kila upande ambayo si mahali pake hapa.

Nilipofika hapo ndipo nilipomkumbuka Feldman yatima. Mtu aliyelelewa na wasiomzaa, wakampenda hata wakampa jina, pengine ndiye wa mwisho kuamini kwamba huruma ina mipaka ya damu. Na nadhani, ingawa ni dhana yangu tu, kwamba alijiona kwa wateja wake ni zaidi ya dalali, kwamba akiwanunulia hadithi na kuwatengenezea sinema anawalea. Ni dhana nzuri ya mtu juu ya nafsi yake. Sheria haikumkanusha, ilisema tu kwamba upendo wa namna hiyo hauna mizani ya kuupimia, na kisicho na mizani hakiingii sokoni.

Nilidhani zamani kwamba katazo lile limejengwa juu ya kumshuku wakili kuwa ni mwizi, na nikaliona kuwa ni matusi kwa watu waaminifu. Sasa naliona kinyume. Mwizi ana hukumu yake mahali pengine, na ingelitosha. Katazo hili limewekwa kwa ajili ya mwaminifu, kwa maana ndiye ambaye hatajua kama amedhulumu. Bei ya soko tunaitaja kama kwamba imeandikwa ukutani, hali haijulikani mpaka mmoja aitaje na mwingine aikatae. Katika kule kukataa, na kutaja tena, na kuondoka na kuitwa kurudi, ndimo bei inamozaliwa. Mtu akiwa peke yake baina ya nafsi yake na nafsi yake, kwa insafu yote aliyojaaliwa, hawezi kujikataa mara tatu kisha akajiita. Basi bei atakayoitoa itakuwa ni makisio ya mtu mwema, na mwenye mali hataweza kamwe kujua kimempotea nini.

Tena liko jambo la siri, ambalo kwangu mimi ni zito kuliko la bei. Mteja humweleza wakala wake yale asiyomweleza mkewe: deni alilonalo, umri wake wa kweli, woga wake kwamba nyota yake inazama, na zaidi ya yote kiwango cha chini kabisa ambacho atakikubali akibanwa. Anayaeleza ili yamlinde. Siku wakala anapouzunguka mwisho wa meza na kukaa upande wa pili, maneno yale yamo kichwani mwake, na hakuna dawa ya kuyasahau. Ataapa kwamba hatayatumia, na pengine ataapa kweli. Lakini mwenye kujua kwamba mwenziwe atakubali 10 hatoi 20 kwa moyo mkunjufu hata siku moja, na atajiona bado ni mkarimu kwa kutoa 12.

Jambo likiachwa kwa mtu mmoja mmoja laweza kufichika ndani ya adabu na karamu. Likikua, huonekana. MCA ilianzishwa Chicago mwaka 1924 na Jules Stein, tabibu wa macho aliyeona mbali zaidi ya macho ya wagonjwa wake, ikiwatafutia wapiga muziki kazi. Kisha chini ya Lew Wasserman, aliyekuwa rais wake tangu 1946, ikawa kubwa kuliko mawakala wote hata watu wakaiita pweza. Kanuni za chama cha waigizaji hazikuwa zikimruhusu wakala kutengeneza sinema ila kwa idhini maalumu, na idhini hizo zilitolewa moja moja. Mwaka 1952, rais wa chama akiwa ni Ronald Reagan, ambaye mwenyewe alikuwa mteja wa MCA, kampuni hiyo ilipewa idhini ya jumla ya kutengeneza vipindi vya televisheni huku ikiendelea kuwawakilisha waigizaji. Baada ya hapo pweza alikuwa na mkono kwa mwuzaji na mkono kwa mnunuzi, akajinunulia hata uwanja wa studio ya Universal kwa dola milioni 11 na robo. Mwaka 1962 alipotaka kuimeza Universal yenyewe, Wizara ya Sheria ya Marekani, chini ya Robert Kennedy, ikasimama mlangoni, na MCA ikalazimika kuchagua moja; ikaichagua studio, na idara ya uwakala ikafungwa, wateja wake mamia wakatawanyika wakitafuta wa kuwasemea. Ilihitaji miaka 10, mahakama na wanasheria wasiohesabika, serikali kubwa kuliko zote kufika pale ambapo mwalimu wangu alifika akiwa ameshika ukurasa kwa kidole.

Ni haki kutaja kwamba wako waliohama kiti kimoja kabla ya kukikalia kingine. Leland Hayward, wakala wa Henry Fonda, James Stewart na Katharine Hepburn, alipokwisha kuonja utengenezaji wa tamthilia mwaka 1944, mwaka uliofuata aliiuza ofisi yake yote kwa MCA, na baada ya hapo akawa mtayarishaji tu: Mister Roberts, South Pacific na The Sound of Music jukwaani, na sinema kadhaa, mojawapo ikiwa na Stewart na nyingine ikiwa na Fonda. Walikutana naye tena, lakini sasa kila mmoja alikuwa na wa kumsemea. Sijui kama alifanya hivyo kwa uchaji au kwa kuchoka simu, mafakihi hawaulizi.

Feldman naye alikuja kuiachilia ofisi mwaka 1962, akabaki na sinema. Ya mwisho ilikuwa Casino Royale ya mwaka 1967, nayo ni fujo mashuhuri: waongozaji 5 wametajwa, gharama zilipindukia makadirio mbali sana, na hadithi yake hakuna mtu aliyewahi kuisimulia kwa mfululizo. Mwaka uliofuata alikufa. Lakini kilichonishika si fujo hiyo. Haki za kukifanya kitabu kile cha Ian Fleming kuwa sinema zilikuwa zimenunuliwa mwaka 1955 na Gregory Ratoff, mwigizaji na mwongozaji mzaliwa wa Urusi, naye Ratoff alikufa mwaka 1960. Mjane wake aliwakilishwa na Feldman. Na aliyezipata haki zile ni Feldman. Pengine alimlipa vema. Pengine alimlipa kuliko ambavyo mtu mwingine angelimlipa, na mjane akamwombea dua. Hukumu yangu haigeuki kwa hilo: alikaa viti viwili, na mama yule alikuwa na haki ya kumwona mtu wa pili chumbani.

Nasema hivi kwa sababu babu yangu mzaa mama alikuwa dalali wa nyumba, na mjane mmoja wa mtaani alimkabidhi nyumba yake amwuzie, nyumba ya mawe yenye mlango wa kuchonga ambayo babu aliitamani tangu ujana wake. Wanunuzi walikuja wakataja bei hafifu. Babu alikuwa na zaidi. Akaenda kwa sheikh mmoja kuuliza, akarudi amenyamaza, na asubuhi yake akamrudishia mama yule funguo, akamwambia atafute dalali mwingine, kisha yeye babu atakuja kama wanavyokuja watu. Dalali yule mgeni hakumjua babu wala hakuwa na haya naye. Akaitembeza nyumba mji mzima, akaikataa bei ya babu mara mbili, na mwishowe akamwuzia Mbohora mmoja kwa shilingi mia tatu zaidi ya zile alizokuwa nazo babu. Sisi wajukuu tulimcheka kwa siri. Naye kwa umri wake wote uliobaki alikuwa akipita mbele ya mlango ule kila alfajiri, akienda msikitini.